Mvua ya Mtu Mwingine

Kijitabu nilikinunua stesheni, buku mbili,
jalada limejikunja kwa jasho la muuzaji:
majina ya watoto, asili na maana zake.
Mtoto ana siku nne. Bado ni "wa Kabula, kitanda cha tisa",
ndivyo walivyomwandika Kitete
kwenye plasta ya mkononi.

Mizani hujaribiwa kwa jiwe unalolijua uzito.
Nikaanza na jina langu.
"Kabula: binti wa mfalme. Asili: Uajemi."

Nilicheka mpaka mshono ukanikumbusha.
Mfalme gani, huku Isevya,
tunakopangia maji foleni kwa madumu ya njano?
Kabula ni wa mvua. Kila Mnyamwezi anajua,
hata mbuzi wa Kinyamwezi wanajua.

Nikampigia mama, nipate ushahidi:
"Siku niliyozaliwa, ilinyesha sana?"
Kimya. Nikasikia anatua sufuria.
"Ilikuwa Agosti, mwanangu. Agosti ya Tabora.
Vumbi lilituingilia mpaka kwenye chumvi.
Aliyenyeshewa ni shangazi wa baba yako,
kazaliwa njiani, mamaye akitoka kuuza nta.
Wewe ulipewa jina lake.
Ulirithi mvua bila kulowa."

Miaka thelathini na moja nimewaambia watu
kuwa nilikuja na mvua.
Niliijua hata harufu yake.

Misigaro kakaa mlangoni, anamenya karanga.
Jina lake kijitabu hakina,
kimeruka kutoka Mirabela hadi Monika.
Nikamuuliza. Akasema, "Yaliyobaki,"
akaendelea kumenya.
Miaka sita ya ndoa, leo ndiyo nimeuliza maana.
Yalibaki baada ya nini, sikuuliza.

Nikachukua penseli.
Nikamkata mfalme pamoja na Uajemi wake,
pembeni nikaandika: mvua.
Nikatafakari kidogo, nikaongeza: ya mtu mwingine.

Karani wa vizazi anafunga saa tisa na nusu.
Mtoto anapiga miayo, kitanda cha tisa kikipanda na kushuka
kwenye kifundo cha mkono wake.

"Limi," anasema Misigaro, kwa matamshi ya Kasulu.
"Si ndiyo jua, kwenu?"
"Ndiyo. Lakini alizaliwa saa nane za usiku."
"Najua," akasema, akipukuta maganda magotini.
"Nilikuwepo."