Pumzi Kabla ya Wimbo

Mimi ndiye niliyeshika maiki, chumba cha nyuma, Makorora,
magodoro mawili ya sufi tumeyasimamisha ukutani,
na jogoo wa jirani tumempa mahindi anyamaze.
Mwantumu Shemndolwa alivua viatu kwanza.
"Siimbi na viatu," akasema, "sauti inakwama kisiginoni."

Mchana ule ule alikuwa amekufa.
Amegongwa na lori la machungwa ya Muheza,
mara nne, maana dereva hakuacha kucheka,
na kanga aliyofia nayo ilikuwa ya kuazima:
akaifua upesi kabla damu ya rozela haijaganda.

Kabla ya hapo alikuwa nesi. Alikuwa mkwe mwenye gubu,
shahidi wa pili, mpishi wa msibani,
jirani wa kuchungulia dirishani na kusema, "Makubwa!"
Neno moja. Alilifanyia mazoezi wiki nzima
kwenye foleni ya maji, Barabara ya Kumi na Nane,
hadi wenye ndoo wakamwitikia: "Madogo yana nafuu."

Mwishoni, majina yakipanda kama siafu,
filamu ya kwanza ni Mwantum.
Ya tatu, Mwatumu S.
Ya sita, na wengineo.
Hakununa. Alisema wengineo ni ukoo mkubwa,
una watu wake.

Sokoni Mgandini walimwita Nesi,
wakampakatisha watoto wenye homa.
Aliwagusa paji la uso, akanyamaza kidogo
kama alivyofundishwa na dairekta,
kisha: "Mpelekeni Bombo. Sasa hivi."
Na wakaenda.

Wimbo wenyewe ulikuwa wa nyota,
msichana mrefu aliyeshuka na basi la asubuhi,
mzuri kweli, hana kosa lolote,
ila alipofungua kinywa
ikatoka sauti ya mtu aliyezaa watano akazika wawili.
Ukumbi mzima ulilia.
Wakaulizia yule msichana anaishi wapi.
Mwantumu alikuwa safu ya nyuma, anamenya karanga.

Dairekta aliniambia, kata ile pumzi,
ule mvuto wa hewa kabla ya neno la kwanza,
unachafua.
Nikamwambia nimekata.

Sikuitupa. Umeme ukirudi usiku naisikiliza
peke yake, sekunde mbili:
pua, kifua, unyayo mtupu ukijipanga kwenye saruji,
na kwa mbali jogoo,
mahindi yamemwishia.