Mstari Darini

Mvua ya Januari ikianguka Huamanga
mama huweka sufuria palepale, kati ya kitanda na kabati,
bila kutazama juu.
Mimi hutazama.
Mstari mwembamba, umekata dari toka dirishani hadi kwenye ngazi.
Nimeuziba mara nne.
Una umri wa miaka ishirini na sita
na dakika tisini.

Siku ya kumwaga paa mtaa mzima ulikuja.
Baba mdogo Teófanes na koleo lake kwenye kokoto,
Eudosia na nduguze wakipokezana ndoo ngazini,
chicha ya mahindi mtungini, jua la milimani likichoma shingo,
upepo mkavu ukilamba zege kabla halijatulia.
Mashine ikakohoa, ikanyamaza.
Petroli.
Nikapewa dumu na noti mbili, nikaambiwa: kimbia.

Nilikimbia, ndiyo. Mpaka uwanjani,
ambako Wilber alikuwa anaweka mpira kwenye nukta ya penalti.
Nikasema, hii moja tu.
Ikaja ya pili.

Niliporudi, ukingo wa zege ulikuwa umenuna.
Baba akaubonyeza kwa kidole gumba. Haukubonyea.
Hakunipiga. Alitazama mawingu, akatazama watu waliochoka,
akasema, "Mwageni."
Zege jipya likalala kando ya lile la asubuhi
kama wasafiri wawili kwenye kitanda kimoja cha gesti,
mgongo kwa mgongo,
nasi tukaita hiyo nyumba.

Sasa ni mimi ninayesimamia.
Kwenye tangi la maji la shule, Andahuaylas,
vijana hunicheka: mashine mbili, ya pili ya nini?
Na madumu matatu kivulini?
Tunaanza kabla jua halijaruka mlima.
Namwambia Yónel, mshika kitetemeshi:
usiishie juu juu. Kizamishe hadi tabaka la chini, liamke,
lipokee mwenzake kabla halijasahau kwamba lilikuwa uji.
Udongo uwahi ungali maji,
na zege halikungoji hata umalize methali.

Tukikwama (maana lori huzama tope, mtu huteleza)
hatujifanyi hatukuona.
Tunakomea mahali tulipochagua wenyewe, nondo zikichomoza,
na kesho yake tunakwangua ule utando mweupe kwa brashi ya waya
mpaka kokoto zichungulie,
tunaosha, tunalowesha,
ndipo tunamwaga.
Kidonda hakishonwi juu ya uchafu.

Baba hakuwahi kuniuliza nilichelewa wapi.
Mwaka jana, akiwa amelala chini ya mstari wenyewe, nilimwambia.
Akanyamaza kitambo.
"Wilber alifunga?"
Alikosa, baba.
Zote mbili.
Akacheka mpaka akakohoa,
na tone likadondoka sufuriani.