Vipimo vya Joho

Dukani kwangu, mjini Cuttack, hatua arobaini toka lango la Mahakama Kuu,
hawaanzi kwa majaji, huanza na futikamba yangu.
"Dolagobinda, nipime, ila kitambaa usikate."
Nawapima. Bega kwa bega, inchi kumi na saba, kumi na nane.
Naandika kwa penseli, maana wino hauna huruma.

Baba alinisimulia, zamani cheo kilimfuata mtu:
majaji walikaa, wakanong'ona,
kukicha barua imebisha mlangoni.
Chema chajiuza, walisema, kibaya chajitembeza.
Siku hizi hata chema kinajaza fomu,
nakala kumi na mbili, sahihi kila ukurasa.

Mzee Patsani ameomba mara tatu.
Daftari langu linajua yasiyojulikana na kamati:
kila akirudi, bega limeshuka nusu inchi.
Kijana wa Rayguru, mwana wa jaji mstaafu,
alinilipa zote kabla ya kura.
Sikuuliza. Mkasi hauulizi.

Kuntala Senapati alijaza fomu yake juu ya meza yangu ya pasi,
umeme ulipokatika kule juu ofisini kwake.
Miaka ya uwakili: ishirini na sita. Hapo alama zilitimia.
Hukumu zilizochapishwa vitabuni:
kalamu ikasimama.
"Dola, mjane akirudishiwa shamba lisilozidi mkeka,
nani huchapisha?"
Sikujua. Akaandika nne.
Makala za kitaaluma: akacheka, akachora kistari.
Nikamwambia jasho nalo lingewekewa safu yake.
Akasema, "Wangelipima kwa nini, Dola? Kwa futikamba yako?"

Usaili ulikuwa dakika sita.
Mmoja wa wale watano alimwuliza Kiingereza chake alikisomea wapi.
"Mahakamani kwako, Mheshimiwa, nikikusikiliza."
Wakanyamaza.
Mpaka leo hajui kama lile jibu lilimwongezea au lilimpunguzia.

Kisha majaji wote wakajifungia.
Karatasi ndogo, zikakunjwa, zikatumbukizwa sandukuni.
Tarishi aliyebeba chai alitoka uso mkavu kama hati ya kiapo,
akapita dukani kwangu bila salamu,
nami nikajua kuna habari.

Majina saba yalibandikwa jioni.
Rayguru, bila shaka. Patsani, hapana.
Jina la Kuntala lilikuwa la mwisho,
limebanwa pale karatasi ilipoishia,
utadhani limeingia wakati mlango unafungwa.
Nikachukua wino, nikapita juu ya penseli.
Usiku ule nilishona kwa mkono, si kwa cherehani.

Siku ya nne alikuja Mangala Jani kutoka milima ya Koraput,
treni ya usiku kucha, karatasi zake ndani ya mfuko wa mbolea.
Kesi ile ile ya bonde lao, mwaka wa tisa.
Akampa Kuntala, kama alivyompa siku zote.
Na Kuntala akarudisha mikono nyuma.

Hivyo ndivyo cheo kilivyo:
mwenye joho lile hapokei mteja kwa mkono wake,
hatii sahihi hati ya uwakala;
sharti atafutwe wakili mdogo, asimame katikati, naye alipwe.
Mangala alisikiliza yote.
Akauliza swali moja tu:
"Kwani nimekukosea nini?"

Wameshuka wote wawili dukani kwangu.
Mangala amekaa benchini,
mfuko wa mbolea juu ya meza ya pasi,
pale pale fomu ilipojazwa.
Kuntala amevaa joho, hakuliagiza pasi, hakulitazama kiooni.
"Dola," ananiambia, "hii mikono imezidi urefu."

Nimechukua futikamba.
Nimepima kulia, nimepima kushoto,
nimerudia.
Haijazidi hata robo inchi.