Kuchambua

Mlima tumeuacha nje ya picha.
Haukosi wa kuupiga.
Kamera nimeielekeza mezani kwa Bi Tarsila,
Njoro, ng'ambo ya reli,
kwenye kitambaa cha plastiki
chenye matunda yasiyoota Moshi.

Nikawauliza: king'ora cha kiwanda
kilinyamaza lini?

Tarsila akasema mwaka ule wa unga wa yanga.
Hajra akakataa: alikuwa na mimba ya Shabani,
na Shabani alizaliwa yanga imekwisha kusahaulika.
Bi Ndeamtowa, ambaye masikio yamemfia,
akasema hakijanyamaza.

Miaka yote nimeiandika daftarini,
yote nimeizungushia duara.

Kisha nikauliza nililolijia.
Anasiria. Wa meza ya tatu, karibu na dirisha.
Mnamkumbuka?

Alikuwa mrefu.
Mrefu wapi! Alikalia gunia, ndiyo maana.
Mkono wake wa kushoto ulikuwa mwepesi,
msimamizi alimchukia kwa huo mkono.
Alificha kahawa kwenye kilemba,
wakamkamata getini, punje zikamwagika,
akacheka mpaka askari naye akacheka.

Mimi ninaye mmoja tu:
harufu ya magunia mlangoni,
khanga ya kijani,
vidole vinavyonifunga vifungo vya shati la shule
gizani, bila neno.

Walipokuwa wakibishana, mikono ikaanza.
Hakuna aliyeiagiza.
Juu ya yale mananasi ya plastiki
vidole sita, kumi, thelathini
vikawa vinavuta kitu kisichokuwepo:
hii kifuani, hii pembeni, hii chini.
Nzima. Iliyovunjika. Nyeusi.
Nikamgusa Elinaja bega.
Akashusha kamera, akaacha nyuso ziendelee kugombana huko juu.

Usiku, chumba cha kupanga, Kiborloni.
Umeme bado haujakatika.
Nimevaa visikilizio, nami nachambua:
hii nzima, hii imevunjika,
hapa jogoo wa jirani ameingilia,
hapa Tarsila anauliza kama chai imepoa.
Dakika ya arobaini na moja
kuna sauti nyuma ya kamera, kali:
"Hapana. Mama hakuwa mtu wa kucheka."

Ni mimi.

Na Hajra anageuka, anaitazama lenzi
kama mtu anayemtazama mtoto aliyeingia bila hodi.
"Wewe ulimjua usiku, mwanangu.
Mchana alikuwa wetu."

Msimamizi angesema nyeusi hiyo, itupe.
Kidole changu kimekaa juu ya kitufe
muda mrefu kuliko unavyohitajika kufuta.

Kesho narudi Njoro bila kamera,
na kinasa sauti peke yake.
Saa moja kasoro, kabla ya pikipiki kuamka,
nitakaa barazani na Bi Ndeamtowa,
tusikilize.