Namna ya Kuanguka

Mimi ni bawabu tu wa ghala hili la Barani, Malindi,
lililokuwa la pamba, sasa la wacheza baleti.
Funguo ni zangu, na ufagio, na taa ya nje.

Mwalimu Nyevu kawapanga kumi na mmoja, pekupeku.
Akisema "Risasi!" wanaanguka
taratibu, kama leso iliyoponyoka kambani.
Wazuri. Wazuri mno.

Sikuulizwa. Nilijisemea tu, mlangoni:
"Mtu haanguki hivyo."

Kimya.
"Basi tuonyeshe, Mzee Kitsao."

Nikavua ndara.
Sikunyoosha mkono, sikuizungusha shingo.
Goti ndilo hujua kwanza;
kinywa bado kinamalizia neno.
Katoi alikuwa akiniomba kiberiti.
"Kiberi—" akaenda upande wa kushoto,
huko ng'ambo ya mpaka, mwaka nisioutaja nyumbani.

Nikawa Katoi, nikaanguka.
Saruji ilinuka sabuni niliyoipigia deki asubuhi.
Kuamka nikashindwa.

Hakuna aliyepiga makofi.
Mbeyu, yule mwembamba wa Maweni, akaja akalala kando yangu,
kisha mwingine, kisha wote,
kila mmoja na nusu ya neno lake.
Halafu akanipenyezea mkono kwapani, akahesabu
kama wanavyohesabu wao: tano, sita, saba, nane.
Kwenye nane nilikuwa nimesimama.

Jumamosi wanaonyesha watu.
Nyevu ameondoa tarumbeta, ameondoa bendera.
Mtu mmoja atawasha njiti
na kuishika mpaka imfikie kidoleni.

Mlango nitaufungua saa kumi.
Kuingia, sijui.