Sufuria Mbili

Nilipika sufuria mbili miaka sita,
moja ya baba, moja ya Ngumbao,
na jiko letu la makaa lina mdomo mmoja,
kwa hivyo kila siku kuna aliyekula kilichopoa.

Baba alivuna chumvi Gongoni tangu sijazaliwa.
Yale mabwawa meupe unayoyaona ukipita na basi
ukayasifu,
ndiyo yaliyompasua visigino
nyufa za kuingia shilingi.
Jioni mama alizijaza mafuta ya nazi,
baba ameuma kitambaa.
Ada yetu ya shule ilikuwa nyeupe, ya kuwasha.

Kisha Ngumbao akarudi Muyeye
na nywele zilizosokotana kama mizizi ya mkoko,
kofia ya kufuma, nyekundu, manjano, kijani,
na picha ya mfalme wa Uhabeshi
aliyoipakata kutoka Mombasa kioo kisivunjike.
Akaonja mchicha. Akaweka kijiko.
"Dada, Mimi na Mimi hatuli chumvi."

Nikatazama nyuma yake. Hakuna mtu.

Baba alitazama miguu yake mwenyewe.

Maneno yalikuja wiki ya pili, umeme umepotea.
"Kumbe chumvi ni ya Babiloni?
Babiloni ndiyo iliyokununulia sare.
Babiloni ni mimi, mwanangu, na ndoo yangu."
"Baba, Babiloni ndiyo iliyokupasua visigino."
Wote wawili walisema kweli
na mimi ndiye niliyeshika mshumaa.

Shangazi Sidi akasema ni pepo, apungwe.
Mchungaji akasema wembe.
Askari wa doria walimpekua mkoba mara tatu,
mara tatu wakatoa majani ya mlonge,
wakayanusa kwa huzuni.
Akifika nyumbani huvuta ngoma yake,
mapigo mawili, kimya,
mapigo mawili, kimya,
hadi kuku wakazoea kulala kwa hesabu hiyo.

Siku moja tukichambua mchicha nilimuuliza:
wenzako walioianza dini hii, kule visiwani ng'ambo,
waliililia Uhabeshi kwa kuwa bahari iliwazuia.
Wewe ni lori tu. Garsen, Garissa, Moyale, umefika.
Mbona huendi?
Akacheka hadi nywele zikamfunika uso.
"Nauli," akasema.
Kisha, kicheko kimemwisha:
"Na mchicha huu utachambua na nani, Dama?"

Mwaka huu, mwezi wa tatu, baba alianguka uani.
Daktari akamfungua mshipi wa kupimia presha,
akaandika, akapiga mstari chini ya alichoandika:
chumvi hapana.
Baba akaomba asomewe tena.
Miaka thelathini na mmoja,
magunia ambayo yangejaza bonde,
na sasa hapana, kwa kalamu ya buluu.
Njia nzima kwenye bodaboda, mimi nyuma nimemkumbatia,
hakusema neno.

Ngumbao ndiye aliyepika usiku ule.
Boga, tui zito, tangawizi, binzari, ndimu,
pilipili nzima inayoelea bila kupasuliwa.
Sufuria moja.
Alimkaribisha baba kama anavyokaribisha wenziwe,
viganja kifuani, "Jah akubariki, mzee,"
na kwa mara ya kwanza baba hakuguna.
Akatafuna polepole kama mtu anayesikiliza redio ya jirani.
Tukangoja.
"Hakina ladha," akasema.
Akasogeza sahani aongezewe.

Usiku niliwakuta barazani,
kofia ya rangi tatu imelala kando,
kisigino cha baba juu ya paja la Ngumbao,
chupa ya mafuta ya nazi katikati,
wakibishana kama simba wa Yuda angeweza kula dagaa.

Asubuhi nikaenda kumwaga majivu.
Nyuma ya nyumba, baba, amechutama,
mfuko wa chumvi wazi, kidole mdomoni.
Tulitazamana.

Mpaka leo sijamwambia Ngumbao.