Kilomita ya Kumi na Moja

Kijiko cha katapila kilipanda na udongo mwekundu
na kitu cheupe ambacho si jiwe.
Biju, dereva, mtu wa Kerala, akazima mashine,
akavua kofia yake ya plastiki.
Ukungu wa kharifu ulikuwa umelala juu ya mlima wa Taqa
siku ya tisa, haugeuki mvua wala haunyanyuki,
na ngamia walikatiza kamba zetu za vipimo
kana kwamba barabara ni habari ya watu wengine.

Mimi ni karani wa vipimo. Kazi yangu kuandika:
kina, mita moja na robo.
Mifupa, ya mtu mmoja.
Bizimu ya mkanda. Kiatu cha raba, cha kushoto.
Kwenye fomu hakuna nafasi ya kuuliza
alikuwa wa upande gani.

Alasiri wazee walikuwa wameshafika,
wala hakuna aliyewaita.
Bi Tuful alikuja na fimbo na mjukuu.
Miaka hamsini anamtafuta kaka yake, Suhail,
aliyetoka usiku kuteremka mlima
akajisalimishe, apewe bunduki mpya na mshahara,
kama walivyofanya wengi baada yake,
wenye bahati ya kutotangulia.

Bakhit naye alikuja. Alisimama mbali, chupa ya chai mkononi.
Huyu alipigana juu, kisha akapigana chini,
leo ana pensheni na magari mawili.
Kila Idi, nyumba yake na ya Bi Tuful
hupelekeana nyama.
Nyama hiyo imeliwa, sahani zimerudishwa safi.

“Jino la mbele,” Bi Tuful alimwambia askari,
“lilivunjika nusu. Kokwa ya tende.”
Askari akainama, akatazama,
akaitikia kwa kichwa.

Hakulia. Aligeuka akamwita Bakhit kwa jina la utotoni,
akamuuliza kwa lugha yao ya mlimani,
na mjukuu, macho chini, akanifasiria Kiarabu:
“Kila nilipokuletea nyama,
ulikuwa unapajua hapa?”

Bakhit alimimina chai.
Kikombe kikatetemeka njia nzima mpaka kwa yule mama.
Bi Tuful alikipokea. Hakunywa, hakukimwaga.
Alikishika mpaka kikapoa,
akakirudisha kimejaa.

Mhandisi alipinda mstari, mita thelathini kusini.
Atakayepita ataona kona isiyo na sababu,
atapunguza mwendo, atalaani wachoraji.

Usiku nikampigia bibi yangu, Mabela.
Yeye halitaji lile neno la Januari;
husema “siku ya wali kuungua,”
kwa kuwa sufuria ilibaki motoni
walipomtoa babu na shuka ya kulalia.
Nikamsimulia yote. Nikasikia feni yake inazunguka.
“Wamepajuaje?”
Hawakupajua, bibi. Wanachonga barabara.
“Ah.”
Kisha, polepole, kama mtu aulizaye bei:
“Na kule Bumbwini, hawachongi barabara?”

Nilidhani amemaliza.
“Mabruki ndiye aliyewaonyesha mlango,” akasema.
Tangu nizaliwe sijalisikia jina hilo nyumbani kwetu.
“Alilala jikoni kwetu tangu mtoto, huyo Mabruki.
Alijua nani anapenda chumvi, nani hapendi.
Alipofiwa na baba yake aliomba ruhusa siku moja,
na asubuhi ya pili alikuwa anakuna nazi.
Baba yake alizikwa wapi, sijui.
Hatukumuuliza.”

Feni.

“Walimuua mume wangu, nami sijasamehe. Usije ukasema nimesamehe.
Lakini hilo nalo liandike kwenye fomu yako.”

Fomu ninayo hapa mezani, ina doa la udongo pembeni.
“Maelezo mengineyo,” imeandikwa chini kabisa,
na mistari miwili.